Mji Ukimeza Kijiji, Jina Huenda Wapi? Kasongo, Tongoni na sarufi ya majina ya mahali

Mji unapokua hufikia vijiji vilivyo kando yake, na baada ya miaka mpaka kati yake na vijiji hivyo hauonekani tena. Nyumba hubaki palepale, na visima na makaburi vivyo hivyo. Kinachobadilika mapema ni namna watu wanavyopataja mahali hapo. Sisi wanafunzi wa lugha tuna sababu ya kulifuatilia badiliko hilo, kwa kuwa mara nyingi husikika katika usemi kabla ya kuonekana kwenye ramani.

Katika makala haya nataka kueleza mambo matatu yanayoweza kulipata jina la kijiji kinapoingia mjini. Mifano nitaitoa kwetu, kusini mwa Maniema, kisha nivuke Ziwa Tanganyika hadi Ujiji na Pwani, na nipite Uingereza kwenye kijiji kimoja ambacho kisa chake kinafanana sana na cha Kasongo. Hoja yangu ni kwamba jina la kijiji halifi kwa sababu mji umefika. Hufa linapoacha kufanya kazi katika usemi wa watu, na kazi hiyo inaweza kuchunguzwa kwa zana tunazofundishwa darasani.

Kasongo mbili

Tuanze na jambo ambalo wenyeji wanalijua na wageni hulikosea. Kasongo inayotajwa katika vitabu vya historia ya karne ya 19 haipo mahali ulipo mji wa Kasongo wa leo.

Kasongo ya vitabu ilikuwa makao ya Hamed bin Muhammed el-Murjebi, yaani Tippu Tip, mzaliwa wa Unguja aliyefariki hukohuko mwaka 1905. Alijiimarisha Kasongo katika miaka ya 1870, wakati Nyangwe, kwenye ukingo wa Lualaba, ilikuwa tayari soko kubwa la watu wa Pwani. Misafara ilitoka Bagamoyo, ikapita Tabora na Ujiji, ikavuka ziwa, ikapita Kabambare, kisha ikafika Kasongo na Nyangwe. Ilikwenda kutafuta pembe za ndovu na watumwa, na hakuna jina zuri la mahali linaloweza kulifuta hilo. Mwaka 1871 David Livingstone alikuwapo Nyangwe watu wa sokoni walipopigwa risasi, wengine wakifa maji Lualaba walipojaribu kukimbia.

Njia hiyohiyo ndiyo iliyotuletea Kiswahili. Jina la lahaja yetu, Kingwana, linatokana na waungwana, kama walivyojiita watu walioshikamana na wafanyabiashara wa Pwani, wakavaa kama wao na kuzungumza kama wao. Wengi wao walikuwa wenyeji wa Maniema.

Mwaka 1893 jeshi la Dola Huru ya Kongo chini ya Francis Dhanis liliteka Nyangwe mwezi wa Machi na Kasongo mwezi wa Aprili. Kabambare ilitekwa mwanzoni mwa 1894. Daktari Mwingereza aliyekuwa na jeshi hilo, Sidney Hinde, alichapisha kitabu mwaka 1897, na humo anaueleza Kasongo kuwa mji mkubwa wenye nyumba nzuri na mashamba mapana ya mpunga. Baadaye utawala wa kikoloni uliujenga mji wa Kasongo mahali pengine. Ofisi zilihama, na jina likahama pamoja nazo.

Basi mahali palipokuwa Kasongo pakaitwaje? Katika Kifaransa cha watawala na wamisionari paliitwa Vieux-Kasongo, yaani Kasongo ya zamani. Katika Kiswahili panaitwa Tongoni. Majina hayo mawili yanataja ardhi moja, lakini hayasemi jambo moja.

Neno tongo

Tongo, wingi matongo, ni mahali palipokuwa na makazi ambayo watu wameyahama. Kamusi za Kiswahili huliweka karibu na mahame, ganjo na magofu. Si neno la Pwani peke yake. Kinyarwanda na Kirundi vina itongo na amatongo, maneno yanayohusu kiwanja cha makazi, na hasa makazi yaliyoachwa au kubomoka. Tukiongeza kiambishi tamati cha mahali tunapata tongo-ni, kwenye mahame.

Jina la namna hii lina tarehe ndani yake. Mji ukiwa hai hauitwi tongo. Ni lazima kwanza uondoke, kisha abaki mtu wa kupatazama na kusema: hapa palikuwa na watu. Kwa hiyo, hata tusipokuwa na hati, sarufi inatuambia kwamba Tongoni si jina la mwanzo la mahali hapo. Ni jina la pili, lililokuja baada ya la kwanza kuchukuliwa.

Inatusaidia kujua kwamba Pwani nako iko Tongoni, kusini ya mji wa Tanga, yenye magofu ya msikiti na makaburi ya nguzo. Wanahistoria hupatambua mahali hapo kuwa ndipo palipokuwa Mtangata ya zamani. Huko pia jina la mji lilififia, yakabaki maelezo ya hali yake. Kiswahili kimefanya kazi ileile katika ncha mbili za nchi zake, moja kando ya bahari na nyingine karibu na Lualaba, bila mmoja kumwiga mwenzake.

Lakini sikiliza jinsi tunavyolitumia jina hilo leo. Katika Kiswahili cha mashariki mwa Kongo kiambishi -ni kimepungua nguvu sana. Mtaani wengi wetu hatusemi naenda sokoni, tunasema niko naenda ku soko. Hatusemi nyumbani kwa wepesi kama tunavyosema mu nyumba au ku nyumba. Ndiyo maana tunasema pia ku Tongoni, tukiweka alama ya mahali mara mbili, mbele na nyuma, bila kuona tatizo. Na kweli tatizo halipo. Kwa msemaji, -ni ya Tongoni si kiambishi tena, imegandamana na shina. Kijana anayesema ku Tongoni hasikii mahame ndani ya neno. Anasikia kijiji chenye watu, shule na mashamba.

Hapo ndipo ninapoona tofauti kati ya Tongoni na Vieux-Kasongo. Maelezo ya Kiswahili yaliganda, yakawa jina kamili linalojisimamia. Jina la Kifaransa haliwezi kusimama hivyo, kwa sababu kivumishi chake kinaegemea mji mwingine. Ukisema Kasongo ya zamani umeshakiri kwamba Kasongo yenyewe iko kwingine, na kwamba hapa ni mabaki yake tu.

Kisa kinachofanana nacho Uingereza

Mwaka 1967 serikali ya Uingereza ilitangaza kwamba mji mpya ungejengwa katika jimbo la Buckinghamshire, kaskazini-magharibi ya London. Eneo lililopimwa lilikuwa na miji midogo, kama Bletchley na Wolverton, na vijiji vya zamani kadhaa. Mji huo ulipewa jina la kimojawapo cha vijiji hivyo, Milton Keynes.

Jina hilo lina tabaka mbili. Katika daftari kuu la ardhi la mwaka 1086 kijiji kiliandikwa Middeltone, maana yake makazi ya katikati. Vijiji vyenye jina la namna hiyo vilikuwa vingi Uingereza, basi baadaye kikaongezewa jina la ukoo wa mabwana wake waliotoka Normandy, likawa Keynes. Sisi pia tunafanya hivyo. Kwa kuwa Kasongo ni nyingi nchini, iliyoko Kwango huitwa Kasongo-Lunda. Wako watu wanaodhani kwamba mji ule wa Uingereza ulipewa jina kwa heshima ya mshairi Milton na mwanauchumi Keynes. Wanaisimu wana jina la makosa ya aina hiyo: etimolojia ya watu. Jina likishakatwa na kijiji chake, watu hulitafutia wazazi wengine.

Mji ulikua ukakizunguka kijiji, na mwaka 2022 ukapewa hadhi ya jiji. Kijiji hakikubomolewa, nyumba zake za zamani bado zipo. Ila hakikuweza tena kuitwa Milton Keynes bila kumchanganya msikilizaji. Leo huitwa Milton Keynes Village, yaani kijiji cha Milton Keynes, na mtaa uliomo umepewa jina Middleton, ambalo ni kurudi kwenye umbo la zamani.

Linganisha na Kasongo. Katika visa vyote viwili jina dogo lilikua likawa la mji, na mahali lilipotoka pakalazimika kutafuta namna nyingine ya kutajwa. Tofauti ni kwamba mji wa Uingereza ulikifuata kijiji ukakizingira, wakati Kasongo ilikiacha kijiji nyuma. Lakini katika lugha matokeo ni mamoja: mwenye jina amekuwa ndiye anayehitaji maelezo.

Ujiji na Mzizima

Hilo ndilo jambo la kwanza kati ya yale matatu: mji huchukua jina la kijiji. Mengine mawili tutayaona Tanzania.

La pili ni kwamba jina hubaki, lakini hupungua ukubwa. Ujiji ilikuwa mji wa misafara muda mrefu kabla ya Kigoma kuwa kitu. Burton na Speke waliifikia mwaka 1858, na hapo ndipo Stanley alipokutana na Livingstone mwaka 1871. Kisha Wajerumani walijenga reli ya kati, ikafika Kigoma mwaka 1914, na bandari ikawa huko. Kigoma ikakua mpaka ikaungana na Ujiji, na leo kuna manispaa moja inayoitwa Kigoma-Ujiji.

Tazama kiambishi. U- ya Ujiji ni ileile ya Unyamwezi, Ugogo na Utetela: nchi ya watu fulani. Ujiji ni nchi ya Wajiji. Sarufi bado inasema nchi, utawala unasema nusu ya mji, tena nusu ya pili baada ya kistari. Hata hivyo jina ni hai, kwa kuwa bado linajibu swali la mtu ni wa wapi. Wasomaji wa kwetu wakumbuke kwamba wakazi wengi wa Ujiji ni Wamanyema, uzao wa watu waliovuka ziwa kutoka upande wetu, wakiwemo Wabangubangu wa Kabambare. Jina la mkoa wetu limekuwa huko jina la kabila, na huko Dar es Salaam, Kariakoo, limekuwa jina la msikiti.

La tatu ni jina kutoweka katika kazi yake. Dar es Salaam, mji ulioanzishwa na Sultani Majid bin Said katika miaka ya 1860, ulijengwa mahali palipokuwa na kijiji cha Mzizima. Jina la Kiarabu lilienea na mji. Mzizima halijasahauliwa, wasomi na wazee wanalitaja, lakini halifanyi tena kazi ya kuonyesha mtu anakaa wapi. Limehama kutoka kwenye anwani likaenda kwenye kumbukumbu.

Kabambare na majina mapya

Huko Kabambare mambo yamekwenda kwa namna nyingine. Livingstone, aliyekaa huko miezi mingi kati ya 1869 na 1871, sehemu kubwa akiugua vidonda vya miguu, aliandika Bambarre. Sisi tunasema Kabambare, kwa ka- ambayo tunaisikia pia katika Kasongo na Kailo. Jina limebadilika umbo lakini halijaacha mahali pake.

Kinachokua leo katika wilaya hiyo ni makazi ya dhahabu. Salamabila, karibu na Namoya, imekuwa mji kwa sababu ya machimbo, ikivuta watu kutoka Kivu, Tanganyika na kila upande wa Maniema. Sikio la msemaji wa Kiswahili husikia katika jina hilo maneno mawili, salama na bila, kama sentensi iliyokatizwa kabla ya mwisho. Sikio hilo halisikii Kibangubangu. Katika makazi ya aina hii mtu mpya hujifunza majina ya mito na vilima kwa Kiswahili, au hayajifunzi kabisa. Malcolm Guthrie aliziweka Kizimba na Kibangubangu katika kundi la D20, kwa namba D26 na D27, na tangu hapo lugha hizo zina mahali kwenye orodha za wanaisimu. Lakini kijito kilichokuwa na jina la Kibangubangu kikianza kuitwa kijito cha machimbo, lugha hiyo imepoteza neno, na orodha haitatuambia.

Kwa nini jambo hili si la wanaisimu peke yao

Sheria zetu za mgawanyo wa maeneo zinatambua vijiji ndani ya sekta na cheferi, na mitaa, yaani kartie, ndani ya komini. Kwa makundi ya vijiji yaliyozungukwa na komini, sheria inatumia neno la Kifaransa incorporé, ambalo mzizi wake ni corpus ya Kilatini, mwili. Kijiji kimeingizwa mwilini mwa mji. Kiswahili chetu cha kila siku hakiko mbali na picha hiyo, nasi husema mji umekimeza kijiji.

Mwili huo una njia zake za kuandika. Sheria ya ardhi ya Julai 20, 1973 inasema kwamba udongo ni mali ya Dola. Karatasi ya kiwanja cha mjini hutaja kartie, barabara na namba. Ushahidi wa wazee hutaja majina madogomadogo: mahali palipokuwa na mti fulani, kivuko cha zamani, shamba la marehemu fulani. Nimewahi kukaa katika kikao cha ukoo kuhusu kiwanja kilichoko pembezoni mwa mji, mahali palipokuwa kijiji baba yangu alipokuwa mtoto. Baba mkubwa aliutaja mpaka wote kwa majina manne ya Kizimba, bila kusita. Upande wa pili ulitoa karatasi yenye jina la kartie na namba. Hakuna aliyesema uongo. Ila karatasi iliweza kusomwa na kila mtu, na majina manne yaliweza kuonyeshwa ardhini na mzee mmoja tu. Kiwanja kiligawanywa kwa karatasi.

Kwa sababu hiyo sikubaliani na wanaosema kwamba kukusanya majina ya mahali ni kazi ya kupamba maktaba. Jina la mahali ni sehemu ya lugha inayobeba haki ya mtu. Likikosa msemaji wa pili, haki hiyo inabaki mdomoni mwa mmoja.

Maswali manne ya kwenda nayo

Wenzangu wa kitivo, wengi wetu tunatoka katika miji inayokua. Likizo ijayo kila mmoja anaweza kuchunguza kijiji kimoja kilichoingia mjini, kwa maswali manne tu.

Swali la kwanza: watu hutumia kihusishi gani? Kwetu, naenda kwa Kasongo ni kwenda kwa mtu anayeitwa Kasongo, na naenda ku Kasongo ni kwenda mjini. Vijiji vingi huitwa kwa jina la chifu, hivyo kwa ikigeuka kuwa ku, tumesikia wakati ambapo mtu amekuwa mahali.

La pili: je, jina linazaa watu? Ujiji ina Wajiji. Ikiwa hakuna tena anayejitambulisha kwa jina la kijiji, hata mbele ya jamaa zake, jina linaelekea njia ya Mzizima.

La tatu: jina hutumika katika mambo gani? Mara nyingi mgeni huambiwa jina la kartie, na jina la kijiji hutunzwa kwa ajili ya mazishi, mahari na mashamba. Jina lenye kazi hizo bado lina nguvu, hata kama halipo kwenye kibao chochote.

La nne: lina maana katika lugha gani, na nani anaijua maana hiyo? Hapa tusikubali jibu la haraka. Tumeona jinsi watu walivyoizushia Milton Keynes wazazi wawili mashuhuri. Tuandike kwanza jina linavyotamkwa, pamoja na toni zake, kisha maelezo ya wazee kama walivyoyatoa, na maoni yetu tuyaweke mbali nayo.

Kasongo itaendelea kukua, na Salamabila pia. Hatuna uwezo wa kuizuia miji, wala sioni sababu ya kutaka hivyo. Watu wa Tongoni walibaki na neno lenye maana ya mahame wakalifanya jina la nyumbani, na hilo ni ushahidi kwamba wasemaji wana nguvu kuliko ramani. Ila nguvu hiyo inahitaji wasemaji zaidi ya mmoja. Mwenye mzee wa kuulizwa, aanze na majina ya mipaka.